Siku Niliyosema Mwalimu Hajambo

Mwezi uliopita jino lilinipeleka mahali ambapo miguu yangu ilikuwa haijafika kwa zaidi ya miaka hamsini. Daktari wangu wa meno wa Skärholmen, huku pembezoni mwa Stockholm, alikuwa ameshindwa nalo, akaniandikia niende kwa mwenzake wa mjini, bingwa wa mizizi. Nikaenda kwa anwani niliyopewa, nikaingilia uani, nikapanda lifti mpya, nikavishwa kile kitambaa cha plastiki kifuani, kiti kikalazwa. "Gapa stort," akasema daktari, yaani nifungue kinywa hasa. Nikafungua, na kwa kuwa sikuwa na kwingine kwa kutazama, nikatazama dari. Katikati ya dari palikuwa na ua kubwa la plasta lenye petali nane, moja imevunjika ncha. Ua hilo nalijua. Nililitazama nikiwa na miaka tisa, nimelala chali kwenye sakafu ya chumba hicho hicho, na kitabu cha simu kikiwa juu ya tumbo langu.

Machozi yakanitoka bila kuniomba ruhusa. Daktari, kijana mpole, akadhani ananiumiza, akaniongeza ganzi, nami kwa vyuma vilivyokuwa kinywani sikuweza kumweleza kwamba sikuwa nalilia jino. Nilipomaliza niliiacha lifti, nikashuka kwa ngazi za mbele. Ngazi ni zile zile za mawe, zimelika katikati. Nikakaa ya pili kutoka chini, upande mmoja wa uso umelala na mwingine uko macho, nikarudi utotoni kama mtu anayerudi kuchukua kitu alichosahau. Nikupeleke nawe, ndugu yangu, maana peke yangu kule ni baridi.

Sisi tulikuwa tunakaa Tensta, kitongoji kingine cha Stockholm, mwanzoni mwa miaka ya sabini, na Tensta yenyewe ilikuwa bado haijamaliza kujengwa. Mbele ya mlango wetu palitandazwa mbao juu ya matope ili watu wapite, na kutoka dirisha la jikoni niliweza kuhesabu winchi sita kabla ya kwenda shule. Nyumba nzima ilinuka rangi mpya. Baba alikuwa ameletwa kusomea mitambo ya simu, kisha arudi nyumbani akafundishe wengine. Jioni alikuwa akikaa mezani na michoro yake ya nyaya, huku mama akilowesha nazi ya pakiti kwenye maji ya moto na kuikamua kwa hasira, kwa sababu tui lake lilikuwa jepesi. Bibi alikuwa akitutumia iliki na karafuu kutoka Tanga, zimeshonewa ndani ya kitambaa, na siku kifurushi kilipofika jirani wa mlango wa pili alikuwa akisimama nje akinusa. Mimi Kiswidi kiliniingia kwa miezi sita, kama surua. Mama hakikumwingia. Alijua kusema asante, samahani na samaki.

Mama hakuwa mtu wa kukaa bure. Akapata kazi ya kusafisha nyumba ya Mjerumani mmoja huku mjini, Vasastan, siku tatu kwa wiki. Habari hiyo ilipofika Tanga bibi yangu alishikwa na kihoro, kwani Wajerumani aliwajua kwa hadithi za baba yake, ambaye alikuwa akiwaita hamsa ishirini kwa idadi ya viboko vyao. Barua yake nakumbuka ilivyosomwa mezani. "Sisi huku sote hatujambo, wasiwasi wetu ni kwenu. Kuku wanataga vizuri. Mvua zimenyesha. Ila mjomba wenu mkubwa amefariki mwezi jana, na ukuta wa uani umeanguka. Je, huyo Mjerumani anachapa?"

Unacheka, lakini nawe umeletewa barua za namna hiyo. Ndivyo tulivyolelewa. Mtu akikuuliza hali unajibu njema, hata kama nyumba inaungua nyuma yako. Mnamaliza kuulizana watoto, wazee na mashamba, ndipo unapumua na kusema "ila". Mama alinifundisha hivyo tangu sijajua kufunga vifungo vya gauni. "Mpe mtu kheri kwanza," alikuwa akisema. "Shari haina haraka, itafika tu."

Mjerumani mwenyewe hakuchapa mtu. Hata kusema alikuwa hasemi. Alikuwa mwimbaji wa opera, wa ile sauti ya juu ya kiume waiitayo tenori, na sasa alikuwa anafundisha wengine kuimba. Sisi tukimwita Mwalimu. Mkubwa wa kifua, mdogo wa miguu, shingoni skafu mchana kutwa, kiangazi na masika. Alikuwa na siku zake za ukimya, Jumatano na Ijumaa, ambazo hakutoa neno tangu kuamka mpaka mwanafunzi wa kwanza aje alasiri. Sauti, aliniambia baadaye, ni kama shamba, usipoliacha lipumzike litakunyima. Siku hizo alivaa shingoni kibao cheusi kilichofungwa kwa uzi, na chaki mfukoni mwa sweta, na kila sweta lake lilikuwa na mfuko mweupe.

Mama hakuweza kusoma kibao. Ndiyo maana Jumatano, shule ilipofunga mapema, na siku zote za likizo, alinichukua: basi mpaka Spånga, treni mpaka Karlberg, halafu tunatembea tukipishana na wanawake waliovaa kofia za manyoya. Kazi yangu ilikuwa kusoma. Mwalimu akiandika "Vumbi chini ya piano", mimi namgeukia mama na kusema, "Mwalimu anasema pole na kazi, mama, na ukipata nafasi, chini ya piano pana vumbi kidogo." Mama naye hujibu kirefu, kwamba alipaona tangu asubuhi ila alikuwa anangoja sakafu ya ukumbini ikauke, na nimwambie asijali, na je, kikohozi kimepungua? Nami namgeukia Mwalimu na kusema, "Ndiyo." Wote wawili walikuwa wakiridhika, kila mmoja akidhani mwenzake ana adabu zake.

Katika korido ndefu ya nyumba ile palitundikwa picha. Mwanamfalme mwenye upanga, mtawa mwenye kamba kiunoni, askari, mshairi mwenye njaa, mfalme mwenye ndevu za uongo. Kwa majuma mengi nilidhani ni ndugu zake, na nikamwonea huruma mama yao kwa kuzaa wanaume watupu. Mama alikuwa akiwafuta vumbi kwa heshima, mmoja mmoja. Mwalimu alipogundua nawazaje alicheka bila sauti mpaka kibao kikamdunda kifuani, kisha siku ya kusema ilipofika akanitembeza koridoni akinieleza. Huyu ni mimi katika mji wetu mdogo, baba yangu fundi viatu alikaa safu ya nyuma akalala. Huyu ni mimi baada ya vita, tukiimba ndani ya ukumbi usio na paa. Huyu ni mimi hapa Stockholm, walinileta kwa msimu mmoja. Msimu ule ulikuwa umekwisha kuwa wa miaka ishirini.

Nilichopenda kuliko vyote ni alasiri. Saa tisa taa za barabarani ziliwaka, theluji dirishani ikawa ya buluu, mama akawasha pasi jikoni, na harufu ya nguo zenye mvuke ikaja koridoni ikakutana na ya kahawa. Kisha wanafunzi. Mwalimu aliwalaza sakafuni, chali, na kitabu cha simu juu ya tumbo, wakitazama lile ua la plasta. Kitabu kipande, kitabu kishuke, taratibu, na mwenye kukirusha alianza upya. Walipokwisha kujua kupumua aliwasimamisha mbele ya mshumaa waimbe na mwali usitikisike. Mimi nilikuwa nimelala kwenye zulia na kitabu changu cha mwaka uliopita, nikipanda na kushuka, na zile sauti zikipita juu yangu, mi, me, ma, mo, mu, mpaka nikawa sijui kama nimelala au niko macho. Jikoni mama alikuwa akizifuata kwa kuvumisha puani, pasi ikienda na kurudi. Sijawahi kuwa na amani kama ile, nakwambia kweli, si kabla wala baada.

Ila Mwalimu hakuwa na amani. Miaka minne nyuma, jukwaani, mbele ya ukumbi uliojaa, katika wimbo wa mwisho, sauti yake ilimpasukia kwenye noti ya juu. Halikuwa jambo kubwa, alisema, kama kikombe kinavyopata ufa. Watu hawakumzomea. Walimpigia makofi ya upole, na wenzake wakamwambia ajitunze, na huko kuhurumiwa ndiko kulikomtoa jukwaani. Hakurudi tena. Majira yale ya baridi, baada ya kumbembeleza sana, jumba moja la opera lilikuwa limemwandika kuwa mwimbaji wa akiba: mkubwa akiugua, yeye aitwe. Opera ilikuwa ile ile aliyopasukiwa. Kila siku ya onyesho alikuwa ananyamaza kutwa, amenyoa, amevaa, anaitazama simu. Akiogopa kuitwa, na akiogopa kutoitwa. Hata mimi mtoto niliona.

Siku za ukimya simu nilikuwa naipokea mimi. Ilikuwa nyeusi, nzito, imekaa koridoni chini ya picha ya mtawa, na pembeni yake Mwalimu alibandika kadi ya maneno ya kusema: hapa ni nyumbani kwa fulani, leo hasemi, je, nichukue ujumbe? Niliyasema vizuri mpaka wanafunzi wengine walidhani ana mke kijana.

Basi ikaja wiki ya mwezi wa pili ambayo watoto wa Stockholm hufungiwa shule wakateleze kwenye theluji. Mimi nilikwenda na mama kila siku yake ya kazi. Jumatano tulimkuta Mwalimu kitandani. Mafua yalikuwa yamemwanza Jumapili. Sasa yalikuwa yameshuka kooni, na shingoni alikuwa amejifunga soksi ya sufu iliyojazwa vitunguu vya moto, dawa ya kwao. Mama alimtazama akageuka upande mwingine asionekane anacheka. Akanituma nimwambie kwamba kwetu mafua ya hivyo hufukizwa, naye akatikisa kichwa: hapana, asante. Aliponisemesha kidogo kwa mdomo, amri ya ukimya ameisahau kwa homa, sauti ilitoka kama nazi inayokunwa. Onyesho lilikuwa siku hiyo hiyo, saa nane mchana, kwa ajili ya watoto wa likizo na wazee. Alitakiwa awe amewaarifu kwamba ni mgonjwa. Hakuwa amewaarifu. Kila alipoichukua chaki aliirudisha mfukoni.

Saa nne asubuhi simu ikalia. Nikasema maneno ya kadi. Upande wa pili alikuwa mwanamume wa jumba la opera, anahema, na akauliza kitu kisichokuwa kwenye kadi.

"Na hali yake leo? Hajambo?"

Nami, mtoto wa mama yangu, mjukuu wa bibi yangu, nikajibu, "Bra, tack." Hajambo, asante. Nikavuta pumzi. Nilikuwa nangoja aniulize na mimi hujambo, na nyumbani je, ndipo niseme "ila".

"Vizuri sana! Mwenzake ameamka hana sauti. Mwambie awe hapa saa sita na nusu." Akakata.

Nikabaki na mkono wa simu sikioni na ile "ila" kinywani. Nikakimbilia jikoni.

"Mama, wameuliza Mwalimu yu hali gani."

"Umesemaje?"

"Nimesema hajambo."

"Sasa kosa liko wapi?"

"Akakata simu."

Mama akaisimamisha pasi wima. "Akakata kabla hujasema ila?"

"Ndiyo, mama."

"Lahaula! Watu gani hawa wasiongoja ila?" Kisha uso ukambadilika, akavua aproni kwa haraka, kwani alikwisha kuona ninachokiona: mzee mgonjwa, ukumbi umejaa, na sisi ndio tuliomsimamisha pale. Akanishika bega akanisukuma chumbani taratibu. "Kamwambie mwenyewe. Ulilolisema kwa mdomo wako ulimalize kwa mdomo wako."

Nilimwambia nikitazama miguu ya kitanda. Mwalimu alijiinua kwenye mto, akachukua chaki. Kisha akaandika: "Wapigie. Sema mgonjwa." Akaja nami koridoni kwa joho lake la kulalia, soksi ya vitunguu shingoni, akisimama juu yangu huku nikizungusha namba. Unakumbuka simu zile, kila namba unaizungusha mpaka mwisho kisha inarudi pole pole ikikereza. Nilizungusha ya kwanza, ya pili, ya tatu. Nilipofika ya mwisho kidole cheupe kwa chaki kikashuka kutoka juu, kikabonyeza kitako cha simu, kikaua mlio.

Tulisimama hivyo. Kutoka paani theluji iliporomoka uani kwa kishindo, na mimi nilikuwa nalia bila sauti kwa sababu siku ya ukimya nilikuwa nimezoea kulia bila sauti. Mwalimu hakuondoa kidole. Kwa mkono mwingine akaandika vibaya, herufi zikipandana: "Mama yako bado ana ile dawa?"

Mama hakuuliza mara mbili. Beseni la maji yanayotokota mezani, chumvi, maganda ya limau, tangawizi iliyopondwa kwa kisigino cha chupa, na karafuu za bibi kiganja kizima. Akamkalisha Mwalimu kwenye kigoda cha jikoni, akamfunika blanketi gubigubi, yeye na beseni lake, akashika pembe zisiachie. "Mwambie avute kwa pua, atoe kwa mdomo, asiwe na pupa." Nikainama kwenye blanketi nikamwambia mwalimu wa kupumua jinsi ya kupumua. Blanketi likapanda, likashuka. Jikoni pote pakanuka Tanga. Alikohoa mpaka nikadhani atakufa, akasukutua maji ya chumvi, akarudi chini, na mara ya tatu nikasikia kitu mle ndani, chembamba, kinavuma puani kama mama anavyovuma akipiga pasi. Mama akanitazama. Akaweka kidole mdomoni nisiharibu.

Tulikwenda naye wote wawili. Alinihitaji niwe kinywa chake, na mama alikataa kumwacha na koo lililotoka kufukizwa apigwe na upepo. Alimfunga kanga yake juu ya skafu, na Mwalimu hakuitoa. Nyuma ya jukwaa palinuka gundi, vumbi lililoungua kwenye taa, na poda. Kamba zilipanda juu mpaka zikapotea gizani. Kila mtu aliyetupita aliuliza swali lile lile, hajambo? hajambo? Safari hii sikufungua kinywa, nilimtazama yeye. Akatoa chaki akaandika mwenyewe, kwa herufi kubwa: "Bra, tack." Akakitembeza kibao hivyo koridoni, na alipofika mlango wa chumba cha kuvalia alinipa nimshikie.

Opera ilikuwa ya mapenzi na kifo, kama zilivyo zote. Mama na mimi tulisimama kando ya jukwaa, nyuma ya pazia jeusi, karibu kiasi cha kuona jasho. Mwanzoni aliimba kama mtu anayekanyaga barafu ya ziwa asiyojua unene wake. Watoto ukumbini walikuwa wakikunjua peremende. Sehemu ya pili alipata joto, akaacha kusikilizia koo lake, na mama akaanza kupumua. Ndipo ikaja noti ya juu ya wimbo wa mwisho. Nilijua inakuja, maana alipotoka kwenda katikati alituangalia mara moja, uso umefunikwa rangi, macho ya mtu anayekwenda kuvuta mlango alioufunga mwenyewe.

Noti ile ilitoka na mkwaruzo. Haikuwa nzuri, nisikudanganye. Ilikuwa na mchanga ndani yake, na katikati ikataka kupasuka, nikasikia inavyopasuka, na yeye hakuiacha wala hakuificha; aliishikilia hivyo hivyo na ufa wake, ikaendelea, ikaendelea, na mle ndani ya mkwaruzo paliingia kitu kingine ambacho sijui jina lake. Peremende zikanyamaza. Mama alinibana mkono mpaka pete yake ikaacha alama. Nilipomtazama machozi yalikuwa yakimtiririka mpaka shingoni, na hakuna neno hata moja la wimbo ule alilolielewa.

Walimpigia makofi sana, na hayakuwa ya upole. Lakini siku mbili baadaye mwimbaji mkubwa alipona, akarudi, na jumba la opera likatuma barua ya shukrani ya mistari minne. Mwalimu alikuwa hawezi kutoa sauti kabisa. Daktari wa koo akamwambia amejichana, anyamaze mpaka masika. Alipokuja kupona alipata sauti ya kusemea. Ya kuimbia haikurudi. Hakuimba tena hata ile mi, me, ma ya kumwonyesha mwanafunzi. Aliwaonyesha kwa mikono.

Nilikuwa na miaka tisa na nilijua nani amefanya hivyo. Nilikataa kula, nikakataa kwenda Vasastan. Baba, mtu wa simu, alinikalisha akanieleza kwamba simu si barua, kwenye simu shari ndiyo itangulie, na hilo likanimaliza kabisa. Mama akaniacha juma zima, kisha asubuhi moja akakaanga maandazi yenye iliki, akayafunga kwenye taulo, akanishika mkono. "Tunakwenda kumtaka radhi. Utasema wewe."

Nilisema, kwa Kiswidi, mlangoni, koti bado mwilini. Nikasema ni mimi niliyemwambia yule mtu kwamba hujambo, nawe ulikuwa hujiwezi, na sasa sauti yako imekwisha, nisamehe. Mwalimu alichuchumaa mpaka tukalingana. Aliandika muda mrefu, akafuta, akaandika tena. Nakumbuka yote. "Miaka minne kila mtu ananiambia nijitunze. Wewe ndiye pekee uliyewaambia ni mzima. Kidole kilichokata simu ni changu." Mama akauliza, amesemaje? Nikajaribu kumtafsiria, nikashindwa, na mama akaona nilivyoshindwa akamwingizia maandazi mikononi. Akala mawili pale pale kwenye mlango.

Tulikaa Tensta mwaka mmoja na nusu zaidi, kisha baba akamaliza na tukarudi Tanga. Niliporudi Stockholm nikiwa mtu mzima, kwa kazi zangu mwenyewe, Mwalimu alikuwa amekwisha kufa, piano imeuzwa, na zile picha hakuna aliyeniambia zilikwenda wapi. Winchi za Tensta ziliondoka zamani, na miti iliyopandwa kwenye matope yale imepita ghorofa ya tatu. Santuri zake zipo, nilizitafuta maktaba nikavaa spika za masikioni nikasikiliza kutwa. Ni kijana anaimba, sauti safi, tamu, haina doa. Simjui kijana yule. Sauti ya siku ile haikunaswa na mtu. Nani angeinasa, onyesho la watoto, mchana wa kati ya wiki?

Jioni, ganzi ilipokwisha kunitoka, nilimsimulia binti yangu yote haya tukiwa tunaosha vyombo. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaniuliza kwa Kiswidi, kama kawaida yake, ilisikikaje basi hiyo noti? Nikamwambia ilikuwa na mkwaruzo. Mkwaruzo wa namna gani, mama? Nikatafuta neno kwa Kiswahili, nikatafuta kwa Kiswidi, nikasimama na sahani mkononi inachuruzika maji. Mimi kuimba sijui. Tulioisikia kutoka pale nyuma ya pazia tulikuwa wawili tu, na mama tulimzika mwaka juzi. Nimebaki nayo peke yangu, ninaisikia vizuri kabisa, na sina namna ya kumpa mwanangu.